Nilivyompikia Baba Mkwe Zoofaiti

Leo nimejiharibia ukweni, tena kwa maharage. Naandika haya nikiwa chumba cha wageni, Igowole, nimejifunika blanketi mpaka kichwani, na si kwa ajili ya baridi (ingawa baridi ya Mufindi mnaijua).

Kwa wasiojua, mimi na Festo tulitoka Mbeya jana kuja kwao ili nitambulishwe. Mama yake alishafariki, kwa hiyo nyumba iko chini ya shangazi yake, dada wa baba. Baba mwenyewe ni mwalimu mstaafu wa bayolojia. Mpole, anaongea taratibu, na kila kitu lazima akuulize swali kwanza. Jana nilipomwamkia tu akataka kujua kama nimewahi kujiuliza kwa nini ukungu unapenda kulala kwenye mashamba ya chai. Sijawahi. Akasema naye hana uhakika, ndiyo maana anauliza watu.

Asubuhi Shangazi akatangaza kuwa leo ni Ijumaa ya Kwaresma, yeye ni Mkatoliki, nyama haili, basi tutakula maharage. Baba ni Mlutheri, lakini katika nyumba hii anayeshika mwiko ndiye anayeamua wanachokula wote.

Mimi nikadakia. Nikasema maharage niachieni mimi, nimetoka Mbeya, maharage tunazaliwa nayo (mdomo huu ipo siku utanifikisha pabaya, kumbe siku yenyewe ni leo). Shangazi akanitazama kuanzia kichwani hadi kwenye kandambili. Akasema sawa. Magadi ya kuyalainishia yako kwenye rafu ya jikoni. Akaenda zake kanisani kwenye Njia ya Msalaba.

Nikabandika chungu. Moto ukakubali, maji yakachemka. Nikaenda kwenye rafu, na hapo ndipo yalipo makosa yangu yote. Kulikuwa na kifuko cha nailoni kimefungwa fundo, na pembeni yake kitu kimefungwa kwenye kitenge cha zamani. Sikufungua kifuko. Nilifungua kitenge. Ndani kulikuwa na jiwe jeupe, kubwa kama ngumi mbili, jepesi kuliko nilivyotegemea, na limejaa vitundu vidogo vidogo.

Nikasema moyoni, hawa watu wana magadi mazuri.

Nikalilamba kidogo kuhakikisha. Halikuwa na ladha yoyote. Mtu mwenye akili angeishia hapo. Mimi nikahitimisha kwamba magadi ya Mufindi ni dhaifu, kwa hiyo itabidi niweke mengi. Nikachukua mchi, nikavunja kipande, nikakitumbukiza. Nikasubiri povu. Povu halikuja. Nikavunja kingine, safari hii nikakiponda kwenye kinu. Maharage yakabaki magumu kama kokoto. Muda ulivyokwenda wasiwasi ukapanda, na nilivyozidi kuwa na wasiwasi ndivyo nilivyozidi kuponda. Festo akachungulia mlangoni akauliza kama niko salama, maana anasikia kishindo. Nikamwambia mapishi ndivyo yalivyo. Shangazi aliporudi, kwenye kitenge palikuwa pamebaki vumbi.

Tukakaa mezani. Baba akaomba, tukajipakulia. Wali ulikuwa mzuri (nausema ukweli huu kwa sababu hakuna mwingine atakayeusema). Shangazi akatafuna harage la kwanza, likalia mdomoni kama karanga mbichi. Akanywa maji, akaendelea. Nikamshukuru Mungu kwa ajili ya Kwaresma, maana angalau kulikuwa na sababu ya kuteseka.

Kisha Baba akaacha kutafuna. Akaingiza vidole mdomoni, akatoa kitu kidogo cheupe, akakifuta kwa leso. Akavaa miwani. Akakigeuza huku na huku kwenye mwanga wa dirisha, muda mrefu kuliko mtu anavyotazama kokoto ya kwenye maharage. Akamuuliza dada yake, kwa sauti ya kawaida kabisa, lile jiwe la kabatini alilihamishia wapi.

Shangazi akaeleza kwamba jana alipokuwa anasafisha sebule kwa ajili ya mgeni, aliogopa lisivunjike. Akalifunga kwenye kitenge akaliweka jikoni, mahali salama.

Kijiko changu kilikuwa kimefika nusu ya safari. Kikabaki hapo hapo.

"Baba," nikasema, "nilidhani ni magadi."

Hakuna aliyecheka. Festo alishika paji la uso. Baba akaweka kile kipande pembeni ya sahani, akainuka, akatoka nje. Kupitia dirishani nilimwona amesimama uani, mikono nyuma, anaangalia mipaini.

Ndipo Festo akanieleza kwa sauti ya chini. Lile lilikuwa tumbawe. Baba aliliokota ufukweni Mtwara, kituo chake cha kwanza cha kazi, kijana wa milimani ambaye hakuwahi kuona bahari. Alihama nalo kila shule aliyopangiwa, na kila kidato cha kwanza kipya kilianza nalo. Analizungusha darasani, kila mwanafunzi analishika, halafu anauliza: hiki ni mnyama, mmea, au jiwe? Jibu halitoi siku hiyo. Anawaacha wagombane. Na kila mtu anayeingia kwenye ukoo huu huulizwa swali hilo. Leo baada ya chakula ilikuwa zamu yangu.

Nilitamani kuondoka. Kweli kabisa, nilianza kufikiria kama kuna gari la kwenda Mafinga muda ule.

Baba akarudi. Macho yake yalikuwa mekundu kidogo, au ulikuwa upepo, sijui. Akaomba chungu kiletwe mezani na sahani tupu. Akaanza kuopoa vipande kwa kijiko, kimoja kimoja, anavipanga. Nami nikachukua kijiko nikaopoa. Tulipopata kipande kikubwa kama kidole gumba, akakisuuza kwenye glasi yake ya maji, akakiweka kwenye kiganja changu.

"Haya, mwanangu. Mnyama, mmea, au jiwe?"

Nikamjibu ukweli wa moyo wangu. "Baba, mimi nilisema ni kiungo."

Akanitazama. Mabega yakaanza kutikisika. Nilidhani analia. Alikuwa anacheka, kicheko kile cha kimyakimya kinachomaliza pumzi. Akasema miaka yote ya ualimu hakuna mwanafunzi aliyewahi kumpa jibu hilo.

Halafu akaniambia neno. Zoofaiti. Mimi nikasikia Kiingereza, "zuu" na "faiti", nikadhani ni ugomvi wa wanyama. Akasema hapana, ni Kigiriki cha zamani: nusu ya kwanza ni mnyama, nusu ya pili ni mmea, kitu kinachoota. Mnyama-mmea. Wataalamu wa zamani waliliona tumbawe limejishikiza mwambani, lina matawi, linakua, na majini linachanua kama maua, wakashindwa waliweke wapi. Wengine wakasema ni mmea wa jiwe. Hili jina la mnyama-mmea likawa kama kapu: tumbawe humo, sifongo humo, kila kilichowachanganya humo. Mpaka watu walipotulia wakayachunguza yale maua, wakagundua kwamba yanakula.

Hapo mimi nikasahau aibu. Nikauliza, yanakulaje? Akanionyesha vile vitundu. Ukitazama kwa karibu, kila kimoja kina mistari ndani, kama nyota. Akasema kila nyota ilikuwa nyumba ya kiumbe mmoja laini, mwenye mdomo katikati na mikono midogo kuuzunguka. Na mlango ni mmoja tu. Kinapoingilia chakula ndipo uchafu unapotokea. (Shangazi akasogeza sahani mbele kidogo.) Viumbe wakifa, kinachobaki ni hiki nilichokishika, mifupa yao, kama ukipenda kuiita hivyo. Neno zoofaiti siku hizi wataalamu wameliacha, maana lile kapu lilichanganya wasio ndugu. Baba bado analipenda. Anasema ni neno la watu walioogopa kudanganya: hawakujua, wakaandika yote mawili.

Nilikuwa nakigeuza kile kipande kwenye mwanga, nahesabu nyota, nilipogundua kuwa Shangazi hasogei.

"Ngoja kwanza," akasema. "Siku hizi wameamua ni nini?"

"Mnyama," Baba akajibu. "Mnyama kamili."

Shangazi akaweka kijiko chini polepole sana. Akaangalia sahani yake, ilikuwa imebaki robo. Akaangalia rozari iliyokuwa bado mkononi. Sura aliyoniangalia nayo baada ya hapo sitaisahau. Sikuwa nimeharibu maharage tu, wala jiwe la kaka yake. Nilikuwa nimemlisha mifupa siku ya Ijumaa, dakika chache baada ya Njia ya Msalaba.

Baba alifungua mdomo, naona alitaka kutetea ile nusu ya mmea. Nikamuwahi.

"Shangazi, ametoka baharini. Wa baharini si anaruhusiwa?"

Shangazi akafikiri. Akamuuliza kaka yake kama ni kweli anaishi majini siku zote. Baba akathibitisha, kwa uzito wote wa ualimu wake, kwamba hajawahi kutoka.

"Basi ni samaki," Shangazi akasema, akashika kijiko. "Kula, binti."

Tukala. Maharage hayakulainika mpaka mwisho.

Baada ya hapo Baba akakaa na mimi barazani akinieleza habari za Mtwara, na sikuigiza kusikiliza. Nilimuuliza maswali mengi mpaka Festo akaenda kulala. Nikamwomba tena msamaha kuhusu tumbawe. Akasema vipande ni vizuri zaidi darasani, kila mtoto anashika chake (najua alikuwa ananipoza, lakini nilipoa).

Jioni hii ameniambia kesho kabla hatujaondoka atanionyesha fuvu la popo alilonalo, ana swali kuhusu meno yake. Nimefurahi kweli. Ila nimepita koridoni sasa hivi, nimemwona Shangazi amelibeba lile fuvu kwa mikono miwili, analipeleka chumbani kwake. Kisha nikasikia ufunguo.