Ng'ombe Mwenye Mate ya Kweli

Jumatatu, 19 Juni

Ijulikane kuanzia leo kwamba bila mimi, Josenildo, nusu ya wazee wa dunia hii wangekuwa vipofu. Sijisifu. Nimeambiwa na nesi.

Nilimpeleka Bibi Filomena zahanati kuchukua dawa yake ya matone. Macho yake yana presha, maji yamejaa ndani hayana pa kutokea. Nesi Iracilda akainua kachupa, akaniuliza kama najua kilichomo. Nikasema dawa. Akasema ni jaborandi. Majani yaleyale ninayochuma porini tangu nilipoachana na shule! (Shule inasema yenyewe ndiyo iliyoniacha. Tusibishane.) Nayachuma mimi, yanakwenda kiwandani, yanarudi kwenye kachupa, yanaingia jichoni mwa bibi yangu. Kwa hiyo mimi ni daktari wa macho. Hilo sikulisema kwa sauti kubwa. Nililisema kwa sauti ya kati.

Nesi akanieleza kazi yake. Mwilini kuna tarishi, jina lake asetilkolini. Mshipa wa fahamu ukitaka mate, humtuma yeye. Anabisha hodi kwenye tezi, mlango unafunguka, mate yanatoka. Jasho vivyo hivyo. Machozi vivyo hivyo. Na jicho likisikia hodi yake, mboni hujikaza ikawa tundu la sindano. Sasa jaborandi ni mwigaji. Anabisha kwa mkono uleule wa tarishi, na milango yote inadanganyika. Nina heshima kubwa kwa tapeli wa namna hiyo.

Kuna na ua la tarumbeta, lile jeupe linaloning'inia nyuma ya nyumba yetu. Lenyewe linakaa mlangoni na kuziba njia, tarishi abishe mpaka achoke. Mdomo unakauka, mboni inatanuka, mtu anaanza kuzungumza na kuku. Akasema nisiliguse, linaua. Halafu akasema jambo lingine refu kuhusu matone na giza, na kumshika Bibi mkono usiku. Hapo nilikuwa nimeshaacha kusikiliza. Nilikuwa na wazo.

Jumanne, 20 Juni

Wazo lenyewe ni hili.

Ijumaa ni mkesha wa Mtakatifu Yohana, na ng'ombe wetu atacheza uwanjani. Ng'ombe wa fito, ngozi ya mahameli iliyodariziwa shanga, na mtu ndani yake. Mtu huyo tunamwita kiini. Mzee Ludugero amekuwa kiini tangu mama yangu hajaolewa, ila sasa goti limegoma. Kesho anachagua mrithi. Tumebaki wawili, mimi na binamu yangu Valdeci. Valdeci anacheza vizuri. Sifa yake imeishia hapo.

Namtaka ng'ombe huyu kuliko ninavyotaka kula. Ngozi yake huidarizi Bibi, kila mwaka ngozi mpya. Ya mwaka huu amesema ni ya mwisho. Shanga hazioni tena, anazipapasa kama anayechambua mchele gizani. Ngozi ya mwisho ya bibi yangu iende kumfunika Valdeci? Thubutu.

Katikati ya mchezo ng'ombe hufa. Mtumishi anamchinja kwa sababu mkewe mjamzito ana hamu ya ulimi, kisha mganga anamfufua. Viini wote hufa kwa kutikisa mabega, basi. Ng'ombe wangu atakufa akitokwa na mate. Mate ya kweli. Nikichungulia baada ya kufa, watu wanikute nalia machozi ya kweli pia.

Sisi wachumaji tuna sheria moja tu. Ukitoka porini unanawa kwa ndimu kabla ya kugusa mdomo au jicho. Nimeamua kutonawa.

Jumatano, 21 Juni

Nimeshinda. Andika kwa herufi kubwa: NIMESHINDA.

Majaribio yalifanyika mchana, jua la utosi, uani kwa Mzee Ludugero. Alianza Valdeci. Alicheza mpaka kina mama wakaacha kukoroga uji wa mahindi. Walipiga makofi wote. Hata mimi nilipiga, kwa mkono mmoja.

Zamu yangu. Nyuma ya banda la kuku nikatafuna majani, nikafikicha macho kwa vidole vyenye utomvu, nikaingia ndani ya ng'ombe na kipande cha mpira wa maji: ncha moja kinywani mwangu, nyingine kinywani mwa ng'ombe. Tarishi wa bandia hakuchelewa. Jasho likanilowesha kama nimetumbukia mtoni. Mate yakaja kama paa linalovuja. Ng'ombe alipochinjwa akayamwaga yote juu ya ndala za Mzee Ludugero.

Mtoto mmoja akalia kwamba ng'ombe anaumwa kweli, aitwe nesi. Kisha kicheko, mpaka Mzee akatafuta kiti. Valdeci akauliza kama huyo ni ng'ombe au bomba limepasuka. Mzee akajifuta macho, akasema, "Miaka yote hii nimekufa mkavu. Chukua ng'ombe wako, kijana."

Sikubaki kupokea pongezi. Tarishi alikuwa amebisha na tumboni. Niliingia vichakani mbio na ng'ombe bado yuko mgongoni. Watu wanasema hiyo ndiyo sehemu waliyoipenda zaidi.

Jioni Bibi alininusa mikono, akauliza ndimu iko wapi. Nikasema zimekwisha. Akasema mbona mti mzima umeinama kwa ndimu. Nikasema nimechoka. Akasema, "Nildo, jani hilo ni rafiki wa mchana. Usiku halikujui." Nikamhurumia. Uzee umeanza kumchanganya.

Ijumaa, 23 Juni

Jua halijazama. Naandika haraka.

Bibi ameleta ngozi. Mahameli meusi, njiwa ubavuni, mwanakondoo wa Mtakatifu kwenye paji la uso, nyota kila mahali. Sijawahi kuona kitu kizuri hivi kikikaribia kuvaliwa na mtu anayekistahili. Bibi akaniambia kuna kitu changu humo, nikitafute kungali na mwanga. Nikasema nitakitafuta baadaye, nina kazi. Kazi yenyewe ni majani. Nimejaza mifuko yote. Watu ni wengi kuliko Jumatano, kwa hiyo na mate yawe mengi.

Jumamosi, 24 Juni

Nilitafuna. Nilifikicha. Niliingia.

Giza. Si giza la usiku, ni giza la mtu aliyefunikwa chungu. Nikadhani wamezima taa. Nikatoa kichwa nje. Dunia ilikuwa vilevile, nyeusi, na mahali pa moto wa mkesha palikuwa na kijinuru kama kichwa cha pini. Ndipo nilipokumbuka lile jambo refu la nesi. Mboni ikijikaza, mchana unapita kwa taabu. Usiku haupiti kabisa. Jumatano niliokolewa na jua.

Mwingine angetoka na kuomba radhi. Mimi nina akili. Nikasema nitafuata ngoma. Ngoma hukaa kushoto mwa uwanja, kwa hiyo nikiisikia ngoma nitajua uwanja uko wapi. Nikarudisha kichwa ndani, nikacheza nikiielekea. Nilicheza vizuri, niseme ukweli. Nikaanza kuhisi joto likinikumbatia. Nikadhani ni upendo wa watu.

Kila mtoto wa huku anajua kwamba umande ukianguka ngozi za ngoma hulegea, na wapigaji huzipeleka kwenye moto mkubwa kuzipasha, wakizigonga kidogo kidogo kusikia kama zimekaza. Kila mtoto anajua. Na mimi najua. Nilisahau tu kwa sababu nilikuwa maarufu.

Watu wakapiga mayowe. Nikainama kushukuru. Ndipo mkono ukashika pembe na sauti ikasema chini chini, "Geuka, mpumbavu wangu."

Bibi. Bibi ambaye kwa matone yake naye haoni kitu usiku. Lakini yeye ametembea kwenye giza hilo miaka mingi, anajua moto kwa harufu na uwanja kwa nyayo. Akamgeuza ng'ombe mzima, akatuongoza hadi katikati, fimbo yake ikigonga, mimi nyuma nikidondokwa na mate na jasho. Valdeci akatumwagia ndoo ya maji upande wa mkia. Nilidhani wivu. Nikafa mahali panapostahili. Nililia, nikabubujika, nikatapatapa. Uwanja ukalipuka kwa makofi.

Mganga aliponifufua, Bibi hakuachia pembe. Tulicheza hivyohivyo, kipofu mbele na kipofu nyuma, mpaka jogoo akawika. Mwanzoni alikuwa akinionya, baadaye akawa anacheka. Kicheko hicho sikuwa nimekisikia tangu Babu afariki. Mzee Ludugero ametangaza kwamba kuanzia sasa ng'ombe ataongozwa na bibi kizee kila mwaka, ndiyo mila. Watu wananiuliza nilikitoa wapi kipaji cha kubuni jambo hilo. Nawaambia kipaji hakitoki popote, mtu huzaliwa nacho.

Jumapili, 25 Juni

Kila kitu kilikwenda kama nilivyopanga.

Ya mwaka ujao nimeshayapanga. Jaborandi linafunga mboni, si ndiyo? Na ua la tarumbeta linaifungua. Basi nitatafuna yote mawili, moja linihudumie mdomo, lingine macho. Yatagombana humo ndani, mimi nitachukua faida. Nesi alisema linaua, lakini manesi husema hivyo hata kuhusu sukari.

Nikaenda nyuma ya nyumba kuangalia maua. Mti umekatwa hadi shinani, na panga la Bibi limeegemea ukuta. Si kitu. Kuna mwingine nyuma ya kanisa.

Nikiwa najiandaa kwenda huko, Bibi akaniita nimtungie uzi. Alikuwa ameitandaza ngozi barazani, na hapo ndipo nilipoitazama kwa makini kwa mara ya kwanza. Njiwa mzima. Mwanakondoo mzima. Lakini Bibi alipotugeuza pale motoni, upande wa nyuma ulifagia makaa, na Valdeci akaufikia na ndoo yake kwa kuchelewa kidogo. Chini ya mkia moto umetoboa tundu linaloweza kupitisha kichwa. Ukingoni mwake zimebaki herufi za mwisho za jina langu.

Nikamuuliza kwa nini alinidarizi chini ya mkia. Akasema ili nijue mahali pangu, na ili mtu mwingine asilione ila mimi. Tukacheka. Kisha akalipapasa lile tundu kwa kidole. Akasema kiraka atakiweza, herufi hataziweza tena.

Nimetunga uzi. Kila kitu kingine kilikwenda sawa. Ni hilo moja tu. Jina langu lilikuwapo, lote, kwa shanga za buluu, na sikulisoma.