Darrell Wayne Ketchum na Karai la Kambare

Njooni, enyi kaumu ya Cobb's Ferry, nyinyi mliobaki na nyinyi mliohamia Memphis mkajifanya hamtujui. Tegeni masikio, enyi walima mpunga na wauza matairi, enyi wachungaji na wake wa wachungaji. Zimeni televisheni, fungieni mbwa nje, kaeni kitako. Nataka kuwasimulia vita vikuu vilivyopiganwa Jumamosi moja ya mwezi wa sita katika kituo cha zimamoto cha mji wetu, mashariki ya Arkansas, pale shujaa mmoja, mwenye gitaa mkononi na kitu kidogo sana kichwani, aliposimama peke yake mbele ya mji mzima wenye njaa. Mimi Earlene Mabry, mjane wa Clyde Mabry, mkaangaji mkuu wa kambare wa kikosi cha zimamoto, nilikuwepo na kijiko changu cha matundu mkononi. Niliyaona yote, na mengi yalinikera.

Shujaa mwenyewe ni Darrell Wayne Ketchum, bin Randy, bin Hollis, wa ukoo mtukufu wa wauza majokofu. Alikuwa mrefu wa shingo na mwembamba wa miguu. Kichwani alivaa kofia pana ya wachunga ng'ombe, yeye ambaye ng'ombe akimkoholea anapanda juu ya gari. Miguuni alivaa buti zilizochakazwa kiwandani, zikaletwa na posta zikiwa tayari zimechoka. Na nyimbo zake, jamani! Alikuwa anazitunga mwenyewe, akazisambaza katika mji wetu bila huruma. Aliimba habari za migodi ya makaa ya mawe, na huku kwetu ni tambarare tupu, shimo refu kuliko yote ni la maji taka nyuma ya shule. Aliimba habari za treni, na treni ya mwisho kusimama hapa ilisimama kabla baba yake hajazaliwa. Aliimba habari za jela, naye jela aliingia mara moja tu, kupeleka friji.

Wanahistoria watataka kujua vita vyake vya mwanzo, basi nitavisema upesi kwa sababu vinatia aibu. Alipiga kambi kwenye ufunguzi wa duka la matairi, mafundi wakawasha mashine ya kufungulia nati mpaka akashuka. Akaivamia nyumba ya kufulia nguo, kina mama wakawasha mashine tupu zizunguke ili wasimsikie. Akazingira makao ya wazee, mahali ambapo hakuna awezaye kukimbia, nao wakazima vifaa vyao vya masikio mmoja baada ya mwingine huku wakimtabasamia. Hakuna mtu hata mmoja, katika mji wote wa Cobb's Ferry, aliyewahi kumsikiliza wimbo mmoja mpaka mwisho. Hata mama yake alikuwa anakumbuka nguo za kuanua.

Ndipo Mzee Hollis, babu yake, mwenye duka, alipochoka. Nilikuwepo siku hiyo, nilikwenda kununua mpira wa mlango wa friza.

"Darrell Wayne," mzee akasema, "wateja wanakuja kutafuta friji, wanakukuta umekaa juu ya friji unalia na gitaa."

"Babu, huu ni wito. Unanijia, siwezi kuukataa."

"Wito gani unakujia saa za kazi tu?"

"Mateso ya watu wetu lazima yaimbwe!"

"Mateso ni mimi kukulipa mshahara. Sasa sikiliza. Jumamosi kwenye karamu ya samaki ya zimamoto utaimba. Wimbo mmoja, mwanzo mpaka mwisho, watu wamekaa kwenye viti wanakusikiliza. Ukiweza, Jumamosi zako zote ni zako, nenda kaimbe hadi Texas. Ukishindwa, gitaa naliweka dirishani kati ya friza mbili, liuzwe, na Jumatatu unavaa shati la duka lenye jina lako kifuani."

"Babu! Hilo gitaa ni roho yangu!"

"Basi tutauza na roho."

Shujaa akavua kofia, akaiweka kifuani, akatazama feni ya darini kana kwamba imemzaa. "Naapa mbele yenu nyote," akasema, ingawa tulikuwa watatu tu, "Jumamosi mji huu utanyamaza!" Nikamwambia atupishe mlangoni, mzee anipe mpira wangu.

Ikafika Jumamosi hiyo. Magari ya zimamoto yalitolewa nje, meza zikapangwa ndani, kabichi ikakatwa, unga wa mahindi ukatiwa pilipili, mapipa ya chai baridi yenye sukari yakasimama kama walinzi. Mafuta yangu yalikuwa yanaimba vizuri kuliko Darrell Wayne. Watu walijaa, wamevaa kofia za kampuni za mbegu, wametoa macho kwenye karai. Lakini desturi yetu inajulikana: hakuna kinywa kinachoguswa na samaki kabla ya sala, na mchungaji alikuwa amechelewa.

Shujaa akaona mwanya. Akapanda juu ya tela lililowekwa mbele liwe jukwaa, akashika kipaza sauti, akafumba macho, akainamisha kichwa, akagusa uzi mmoja polepole. Kisha kwa sauti ya mtu mwenye mafua akaanza, "Ee Bwana, njia ni ndefu, na mikono yangu imechoka..."

Mji mzima ukavua kofia. Naapa. Wakulima, watoto, mkuu wa kikosi Odell Fincher na tumbo lake, wote wakainamisha vichwa na kushikana mikono mezani. Kimya kikatanda, kimya ambacho Darrell Wayne hajawahi kukiota. Akafumbua jicho moja, akauona umma umemwinamia, akavimba, akaimba ubeti wa pili kwa machozi. Akanyamaza kidogo, avute pumzi.

"Amina!" akanguruma Odell.

"Amina!" wakaitika wote, na viti vikarudi nyuma kwa kishindo.

Loo, maangamizi yaliyoje! Walinijia kwa sahani, kwa viwiko, kwa matumbo, na shujaa akabaki juu ya tela mdomo wazi, akiutazama umati ukimpa mgongo.

"Sala nzuri, kijana," Odell akamwambia akipita na kambare watatu. "Fupi. Mchungaji ajifunze kwako."

"Haikuwa sala! Ulikuwa wimbo! Umebaki ubeti!"

"We, usikufuru," akasema mama mmoja, akaongeza kabichi.

Mzee Hollis, ambaye ni mgumu lakini si mwizi, akaamua kuwa sala haihesabiki. "Ngoja wakae, uanze upya," akasema. Basi watu wakakaa, wakala, na shujaa akachomoa silaha yake kubwa, wimbo alioutunga kwa majira mazima ya baridi. Ulikuwa unahusu babu yake mpenzi, mchimba makaa, aliyezaliwa gizani, akafanya kazi gizani, akafunikwa na mlima, na maneno yake ya mwisho yakawa, "Mjukuu wangu, chukua gitaa langu."

Kwenye meza ya pili, Mzee Hollis akaacha kutafuna. Akafuta midomo. Akasimama taratibu, mzima wa afya, shati jeupe, kalamu mfukoni.

"Darrell Wayne," akaita. "Nimekufa lini?"

Wimbo ukakatika.

"Nauliza tu, maana Jumanne nina miadi ya daktari wa meno. Na huo mlima ulionifunika uko wapi? Mimi maisha yangu yote nimefanya kazi dukani, kwenye kiyoyozi!"

"Babu, ni... ni sanaa. Nakuwakilisha."

"Umeniua bila hata jeneza! Tena gitaa la nani hilo nilikuachia? Si ulinunua Little Rock?"

Ee, mji ukacheka! Odell alicheka mpaka chai ikamtoka puani. "Pole, Hollis," mtu akapaza sauti, "mazishi saa ngapi tulete keki?" Nami nilicheka, sitaficha, nilicheka mpaka nikashika meza. Shujaa akasimama pale juu, masikio yamemwiva, kofia imemshuka. Akaanza kulivua gitaa begani.

"Acha kwanza," Odell akasema, akifuta macho. "Haki itendeke. Aliyeinuka ni marehemu mwenyewe, yeye ndiye kaharibu. Mpe mmoja wa mwisho, Hollis."

"Mmoja," mzee akakubali. "Ukishindwa, lete hapa hilo gitaa."

"Sina mwingine," Darrell Wayne akasema kwa sauti ndogo. "Iliyobaki yote ni ya treni."

Hapo uvumilivu wangu ukaniishia. Nilikuwa nimetumbukiza kambare wapya, mafuta yakinirukia, na mbele yangu limesimama jitu zima linataka kulia kwa kukosa treni. "We Darrell Wayne!" nikamfokea. "Kuna kitu chochote duniani umewahi kukifanya kwa mikono yako mwenyewe? Imba hicho, au teremka uje unimenyee vitunguu!"

Akageuka akanitazama. Nikainua kijiko nimrushie.

"Bi Earlene," akasema, "hutakasirika?"

"Nimeshakasirika. Imba."

Akaimba. Sauti ilikuwa ileile mbaya, lakini mafua yalikuwa yamepona. Akaimba habari za mtu anayepeleka friza mpya kwa mama mmoja siku ya joto kali, kwa kuwa ya zamani imekufa, na kazi yake ni kuiondolea vilivyomo hiyo ya zamani na kuibeba. Anafungua mfuniko, anakuta maboksi ya maziwa yamejaa maji yaliyoganda, na ndani ya kila boksi kambare, wamesafishwa vizuri, wamepangwa na mtu mwenye subira. Mama anakaa juu ya mfuniko. Anasema, hawa alinivulia mume wangu kabla hajafa, siwali wala siwatupi, na wewe ukiwagusa nakuvunja mkono.

Mimi nilijua wimbo unaelekea wapi, kwa sababu huo mfuniko niliukalia mimi.

Clyde alifariki mwezi wa nne wa mwaka uliotangulia. Friza ilikufa mwezi wa nane, nami nikampiga Darrell Wayne kwa ufagio, na nikamtukana mpaka babu wa babu yake. Alikwenda kuleta kasha la barafu, akawatoa wale samaki boksi moja moja kama mtu anayebeba mayai, akawapeleka dukani, akawaweka kwenye friza ya maonyesho usiku kucha mpaka friza yangu mpya ishike baridi, na asubuhi akawarudisha wote, hakuna hata mmoja aliyelegea. Hakumwambia mtu. Miezi kumi ikapita, na katika mji huu unaojua mpaka rangi ya soksi za mchungaji, hakuna aliyejua.

Na sasa aliimba, na hakunitaja jina. Angenitaja ningemkaanga. Aliimba tu kuwa mama alishika mfuniko kwa mikono miwili, na mtu wa friza hakujua la kusema, basi akabeba.

Enyi mtakaokuja baada yetu, jueni kuwa hapo Cobb's Ferry ilinyamaza. Hapakuwa na uma uliogonga sahani. Hapakuwa na aliyekwenda kwenye pudini ya ndizi, na ilikuwepo, nyingi, haina mlinzi. Odell Fincher, ambaye bado ana kwenye friza nyama ya paa aliyewindwa na marehemu kaka yake, aliinamisha kichwa, na safari hii hakusema amina. Nani katika mji huu hana kitu ndani ya friza ambacho hakili wala hakitupi? Nami nililia. Nalisema wazi, asije mtu akasingizia moshi.

Maana moshi ulikuwepo. Ulitoka kwenye karai langu, mweupe kwanza, kisha wa kijivu, kisha mweusi, ukapanda mpaka darini ukatanda juu ya meza. Kwenye viti walikaa wazimamoto wote wa mji wetu, kikosi kizima, watu walioapa mbele ya bendera, mipira ya maji iko hatua chache nje ya mlango. Waliutazama moshi. Wakamtazama Darrell Wayne. Hakuna aliyeinuka. Kengele ya moshi ilianza kulia pale alipogusa uzi wa mwisho, ndipo Odell akaruka na ndoo ya mchanga akipiga mayowe, "Jamani, tunaungua! Sisi wenyewe!"

Moto ulipozimwa, nikaangalia ndani ya karai. Kambare wote makaa matupu, meusi tii. Mimi Earlene Mabry, ambaye sijawahi kuunguza samaki, si siku ya kimbunga, si siku niliyovunjika kidole!

Mzee Hollis alikuja mbele ya tela, amekunja uso. "Kumbe ni wewe," akasema. "Ile friza ya maonyesho ilinuka samaki wiki nzima. Nikamfukuza paka."

"Samahani, Babu."

"Usiniombe mimi, mwombe paka." Akalitazama gitaa. "Vaa hilo dude vizuri begani, litaanguka. Na Jumamosi usije dukani, sikutaki."

Hivyo ndivyo ulivyotekwa mji wa Cobb's Ferry, kwa wimbo mmoja, mwanzo mpaka mwisho, watu wamekaa kwenye viti. Na iandikwe, na ichongwe, kama kuna mwenye mawe na muda wa kupoteza. Mimi sina sifa za kumpa. Anaimba vibaya, kofia inamfanya aonekane kama uyoga, na Jumamosi iliyofuata alikwenda Pine Bluff akaimba zile za treni, nasikia wakamzimia taa, na ni haki yake.

Ila siku iliyofuata moto ule, Jumapili, baada ya kanisa, nilifungua friza yangu, nikatoa boksi moja la maziwa, nikaliacha kwenye sinki mpaka barafu ikaachia. Nikakaanga taratibu, sikutoa jicho kwenye karai. Kisha nikampigia simu, nikamwambia aje mara moja na asiniletee gitaa nyumbani kwangu. Akaja, akaketi kwenye kiti cha Clyde bila kujua ni cha nani, nami nikamwacha. Akatazama sahani, akanitazama mimi, akaelewa, na nikaona anataka kusema neno kubwa.

"Vua kofia mezani," nikamwambia. "Ule."

Akaivua, akala.