Kura ya Mama Bathsheba

Siku matokeo ya uchaguzi wa chama cha wakulima wa pareto yalipotangazwa Nyamache, mwaka wa 1969, kila mtu alinuna isipokuwa Abner. Wajumbe wanne walikuwa wa Machogu aliyeutaka uenyekiti, wanne wa mpinzani wake Omwenga, na mmoja, mjane Bathsheba, hakuwa wa mtu. Bila yeye, hakuna upande ambao ungeweza kuunda uongozi. Abner, mtanashati wa ulimi wa asali ambaye hakuwahi kupanda hata mche mmoja, alinusa harufu ya nyama.

Akamwendea Machogu. "Mzee, Bathsheba ni shangazi yangu. Mpe fahali tu, kura ni yako."

"Mbona asije mwenyewe?"

"Msabato yule! Aonekane akipokea hongo? Nipe mimi, nimfikishie kimyakimya."

Kesho yake alimwimbia Omwenga wimbo uleule, akatoka na mtamba mnono.

Shangazi gani? Hata salamu hawakuwahi kupeana. Lakini mwizi wa ng'ombe naye huhitaji malisho, na Bathsheba alikuwa na majani mazuri.

"Mama, mimi ni mchuuzi wa mifugo. Nichungie hawa wawili hadi siku ya soko."

Bathsheba akakubali. Abner alipanga kuwauza na kupotelea Kisumu kabla ya mkutano. Ghafla mkutano ukaitishwa mapema, kabla ya siku ya soko, na asubuhi hiyo Machogu akamshika mkono: "Twende ukamwone shangazi yako akinitawaza."

Mlangoni pa ukumbi, Machogu akamnong'oneza mjane: "Mama, fahali alifika?"

Alipopita, Omwenga naye akainama: "Na mtamba wangu je?"

Bathsheba alimtazama Abner. "Wamefika wote," akajibu.

Ndani, akasimama. "Wazee, Machogu amenipa fahali, Omwenga amenipa mtamba. Nikimfuata mmoja, nitamdhulumu mwingine. Basi mwenyekiti ni mimi, Machogu awe naibu wangu, Omwenga awe katibu. Asiyetaka, tumwite afisa wa ushirika tumsimulie habari za ng'ombe."

Mikono ikapanda, mmoja baada ya mwingine. Wajuzi wa siasa husema serikali ya mseto huundwa kwa miezi; Bathsheba aliiunda kabla chai haijapoa.

Nje, Abner alimkimbilia. "Mama, wale ng'ombe wangu..."

"Wako? Wenyewe wamesema walinipa mimi."

"Sasa nitakula nini?"

"Maua ya pareto yamekomaa, mwanangu, na wachumaji hawatoshi."

Abner akageukia barabara ya Kisii. Hapo walisimama naibu na katibu, bega kwa bega kwa mara ya kwanza maishani mwao, kila mmoja na fimbo yake.

"Mama," akasema haraka, "shamba liko wapi?"