Goti Letu Lisicheze Harusini

Kwa Mwenyekiti,
Mfuko wa Matibabu wa Mafundi na Wafanyabiashara wa Mtaa.

Ndugu Mwenyekiti,

KUHUSU: MATUMIZI YASIYO NA ADABU YA GOTI LA WANACHAMA

Salamu nyingi. Natumaini barua hii inakukuta mzima, maana ukiugua tutakulipia sisi.

Mimi ni fundi viatu wa kibanda cha karibu na bomba la maji, mwanachama tangu mfuko ulipoanzishwa. Naandika kuhusu goti la kulia la fundi kufuli. Kama unavyokumbuka, goti lake la asili lilikwisha kabisa, akawa anashuka ngazi kwa makalio kama mtoto. Tukakaa kikao, mfuko ukalipa, hospitali ikamwekea jipya la chuma. Nami nilinyoosha mkono kukubali, na sijuti. Kwamba fundi kufuli ni shemeji yangu, kaka wa mke wangu, hakuhusiani kabisa na malalamiko haya, ambayo ni kama yafuatayo:

1. Goti linatembezwa ovyo. Juzi shemeji alipanda hadi ghorofa ya juu kabisa ya lile jengo la wapangaji, kumfungulia mlango mtu aliyesahau funguo ndani. Alipanda kwa miguu, akipiga mluzi. Goti lililochangiwa na mtaa mzima halipandishwi ghorofani kwa uzembe wa mtu ambaye hata si mwanachama. Nilipomwuliza amepewa kibali na nani, alicheka.

2. Mimi sijawahi kuumwa. Nimelipa mchango miaka yote hii na sijapata hata mafua ya kueleweka. Nilimwendea karani wa mfuko kwa heshima zote, nikamwuliza faida yangu iko wapi. Akanijibu bila kuinua macho: "Faida yako ndiyo hiyo, mzee wangu. Hujaumwa." Ndugu Mwenyekiti, hayo si majibu ya kumpa mtu anayelipa. Mteja akiniletea kiatu simwambii ashukuru kwamba hajachomwa na mwiba.

3. Upo ushahidi wa soli. Shemeji hunitengenezesha viatu vyake bure, kwa kisingizio cha undugu. Zamani soli ya kulia ililika kisigino upande wa nje, kama ya mtu yeyote anayeburuta mguu. Sasa inalika mbele, chini ya kidole gumba, tena kwa mviringo. Mtu anayekwenda kazini na kurudi, soli yake hailiki kwa mviringo. Nikachunguza, nikagundua kwamba kila jioni akishafunga kazi hujifungia karakanani na redio. Anafanya mazoezi ya kucheza. Binti yake anaolewa Jumamosi, na siku ile shemeji anaingizwa chumba cha upasuaji alimwahidi kwamba akitoka salama, harusini watacheza wawili kabla ya mtu mwingine yeyote kuinuka. Mke wangu hutokwa na machozi kila akiisimulia ahadi hiyo. Mimi naona ni ahadi aliyoitoa kwa mali ya watu.

4. Tulikubaliana kubebeana bahati mbaya: homa, ajali, uzazi wenye matatizo. Kucheza si bahati mbaya, ni makusudi. Goti likiteguka ukumbini tutalipa tena sisi, na baadhi yetu hata kadi ya mwaliko hatujaiona. (Mimi nimealikwa. Nawasemea wengine.)

5. Tukilifumbia macho goti, mengine yatafuata, na kwa kweli yameshafuata. Fundi cherehani tulimlipia miwani ashone vizuri, naye anaitumia kusoma simu za wateja wake. Mama muuza vyombo alizibwa jino kwa fedha zetu, sasa ndilo analotafunia sifa za watu. Na yule mtoto wa muuza mbao, aliyezaliwa kwa upasuaji tulioulipia sote, alipewa jina bila wanachama kuulizwa. Mimi nilikuwa na jina zuri tu.

Kwa sababu hizo, naomba kikao cha Alhamisi kiamue kwamba kiungo chochote kilicholipiwa na mfuko ni mali ya wanachama wote, na kitumike kwa zamu. Shemeji aendelee kulibeba goti, hilo silipingi, ila lisitoke nje ya mtaa bila barua, na siku ya zamu yangu liniletee ngozi kutoka stoo ya ghorofani. Msimamizi wake niwe mimi, bila malipo. Jumamosi likae kitini, limenyooshwa, mahali ninapoliona. Binti asivunjike moyo, kwani niko tayari kucheza naye mimi mume wa shangazi yake, kwa magoti yangu mwenyewe ambayo hayajamgharimu mtu.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Goti nalo ni mali.

Nisalimie wajumbe wote wa kamati, mama watoto wako, mlinzi wa ofisi, na karani pia, ingawa hakuinua macho. Mtoto wa muuza mbao mwiteni mnavyomwita, lakini mumpe salamu zangu.

Wako katika kuchangiana,
Fundi Viatu.

Nyongeza: Utaona mwandiko umebadilika. Ninasema, mke wangu anaandika, kwa sababu mkono wangu wa kulia una plasta hadi begani.

Nilipokwisha kutia sahihi nilikwenda kukusanya ushahidi wa mwisho. Nilipanda juu ya debe la rangi nikachungulia dirisha la karakana. Shemeji alikuwa anacheza na ufagio, taratibu, mkono mmoja umeshika meza ya kazi, anahesabu hatua kwa sauti, akikosea anaanza upya. Nilitazama muda mrefu kuliko uchunguzi ulivyohitaji. Halafu debe likateleza.

Hakuniuliza nilikuwa natafuta nini pale juu. Alinibeba mgongoni akakimbia nami mpaka zahanati, na njia nzima nilimsihi apunguze mwendo, goti letu hilo. Akaniambia, "Shemeji, nyamaza, tunachelewa." Mke wangu anasema aliye juu mngoje chini. Nimemwomba asiliandike hilo, naona ameandika.

Mfuko umelipa kila kitu. Karani aligonga muhuri bila swali. Lakini tangu hapo sina amani. Fundi cherehani amekuja, na miwani yake, kunikataza nisije nikapigia nyundo soli nene. Muuza mbao ameuliza zamu yake ya mkono ni lini. Mama muuza vyombo anataka kikao kiamue niwe nasalimia watu gani kwa mkono huu. Naomba uwatangazie wanachama kwamba mkono huu ni wangu, umeota kwangu, na ndio unaolisha watoto wangu. Malalamiko yote hapo juu nayafuta, isipokuwa la jina la mtoto.

Jambo la mwisho. Goti la shemeji limevimba kwa ule mzigo, na mzigo nilikuwa mimi. Daktari amesema halitabeba uzito wake wote mpaka wiki ijayo, kwa hiyo ombi langu la Jumamosi limepita bila kikao. Sikulala. Tafadhali mlipieni dawa zote, hata kama kutolewa plasta yangu kutabidi kungoje. Lakini atacheza. Ataniegemea upande wa kulia na binti atamshika upande wa pili. Ninao mkono wa kushoto, mzima, mfuko haujawahi kuulipia hata kidole, na kwa huo siombi ruhusa ya mtu.