Mita Saba na Nusu za Utumbo

Jumatatu, 3 Machi

Siku kubwa! Asubuhi Daktari Mkuu katukusanya wafanyakazi wote wa zahanati kwenye ukumbi wa kusubiria, katangaza nafasi mpya: Mwalimu wa Afya ya Watoto. Ijumaa ya wiki ijayo darasa la pili la shule ya jirani litatutembelea. Kila anayeitaka nafasi atapewa nusu saa awafundishe habari za mwili, na ni lazima wacheke. Hapo alikazia. Wasipocheka hawatakumbuka kitu, na ambaye somo lake litakumbukwa zaidi ndiye atakayechukua nafasi.

Mkono wangu ulipanda hata hajamaliza. Miaka kumi na moja niko masjala, chumba kisicho na dirisha, mimi na mafaili ya wagonjwa. Naitwa Bwana Faili. Hata mlinzi ananiita hivyo. Basi, yatosha!

Mkono wa pili: muuguzi wa chanjo. Huyu watoto wanamwita Dada Sindano, na ajabu ni kwamba wanampenda. Anawachoma, wanalia, halafu wakiondoka wanampungia mkono! Mimi nawapa kadi tu, bila maumivu yoyote, na wananikodolea macho utadhani nimewanyang'anya peremende.

Jioni nimemkuta binti yangu mezani anaandika insha, Kazi ya Mzazi Wangu. Yuko darasa hilo hilo la pili. Nikachungulia. Kaandika: Baba yangu anakaa na makaratasi. Nukta. Ukurasa wote uliobaki kachora paka. Na paka wenyewe hatuna!

Imeniuma, sifichi. Nimemwuliza insha inatakiwa lini. Kasema Jumatatu ya tarehe kumi na saba. Nimemwomba asiikabidhi kwanza, kwa sababu baba yake yuko mbioni kubadilika. Kasema sawa, kaendelea na mkia wa paka.

Jumanne, 4 Machi

Nimepeleleza. Dada Sindano anatengeneza vikaragosi vya soksi! Nimeviona kwenye droo yake nilipokwenda kujifanya natafuta kalamu. Kimoja ni Jino, soksi nyeupe yenye macho ya vifungo. Cha pili ni Mswaki. Jino anapendeza, nakiri. Ukimtazama tu unataka kucheka.

Ndiyo maana nimemchukua. Sijamwiba. Nimemhifadhi. Nimemtia ndani ya faili la mgonjwa aliyehama zamani, faili ambalo halijaombwa na mtu kwa miaka sita. Nani atalifungua? Thubutu! Nimerudi nyumbani napiga mluzi.

Jumatano, 5 Machi

Faili limeombwa.

Miaka sita, jamani! Mgonjwa karudi leo hii, mguu umevimba. Daktari Mkuu kafungua faili mbele yake, Jino kadondoka mezani, kalala chali anamtazama. Nimeitwa. Nikasema huenda ni soksi ya mgonjwa mwenyewe. Mgonjwa kakana katakata, kanyanyua miguu yote miwili kuonyesha kwamba anavaa kandambili.

Dada Sindano kaja, kamwona Jino, kacheka hadi kashika ukuta. Kisha kanishukuru mbele za watu kwa kumtunzia kitu chake mahali pasipo vumbi. Kanishukuru! Mtu huyu ni hatari kuliko nilivyodhani.

Jumamosi, 8 Machi

Nimepata wazo! Limenijia bafuni, povu usoni, nikatoka mbio bila kujisuuza.

Vikaragosi ni vya kutazama tu. Mimi watoto nitawaingiza NDANI. Nitawajengea utumbo wa kitambaa! Mtoto anaingia mdomoni akiwa tonge la chakula, anatambaa kooni, anafika tumboni, anapita utumbo mwembamba, kisha mpana, anatokea nyuma akipiga kelele kwamba yeye ni kinyesi. Nimelijaribu neno hilo kwa binti yangu wakati wa chai. Alianguka kutoka kitini. Nikalirudia. Akashindwa kuinuka. Ushindi ni wangu!

Mtunza stoo kanipa shuka kumi na nne zilizochakaa, zilizokuwa zinangoja kuchomwa moto. Nimezifikisha nyumbani, mama mkwe wangu kauliza kwa upole nani amefariki. Yeye anakaa nasi na cherehani yake. Nimemweleza mpango. Kasema ameshona magauni ya harusi miaka thelathini na hajawahi kuombwa matumbo. Lakini tayari alikuwa anatia uzi kwenye sindano.

Nimemsomea kitabu: utumbo mwembamba wa mtu mzima ni mita sita hivi, mpana mita moja na nusu. Kashauri tufanye nusu yake, maana ukumbi hautatosha. Nimekataa. Huwezi kuwadanganya watoto kuhusu utumbo wao wenyewe.

Jumatatu, 10 Machi

Kazi inakwenda. Mama mkwe kaniuliza upana. Nimempima binti yangu mabegani, nikaongeza vidole vinne, nikampa jibu. Tumetia pete za waya ili utumbo usimame. Pale tumbo linapokutana na utumbo mwembamba kitabu kinasema kuna mlango unaobana na kuachia, kwa hiyo tumetia mpira wa kiuno uliotoka kwenye sketi zake tatu za zamani. Mpira wa kweli, wa enzi zile. Unabana!

Mama mkwe kaniuliza, na mimi je, nikihitaji kuingia? Nimecheka sana. Nimemfahamisha kwamba mwalimu haingii tumboni. Mwalimu anasimama mdomoni na kipaza sauti. Kasema haya baba, ila kiuno changu anakijua, maana suruali yangu ya harusi ameitanua mara tatu. Nimejitia kutosikia.

Jumatano, 12 Machi

Mazoezi nyumbani. Utumbo umeanzia sebuleni, ukapita jikoni, ukaishia mlango wa nyuma. Mke wangu alitaka kufika jikoni, ikambidi aruke utumbo mpana na sufuria mkononi. Kasema anataka nyumba yake irudi. Alikuwa anacheka lakini, nimemwona.

Binti yangu kapita kwa sekunde arobaini, katokea nje, kainua mikono na kutangaza kwa sauti ya juu kabisa yeye ni nani. Nje alikuwa amesimama jirani yetu, mwalimu wa kwaya, amekuja kurudisha ngazi. Kaiacha ngazi pale pale, kaondoka bila kuaga.

Baadaye binti yangu kaniuliza kama darasa lao litaona kwamba huyu ni baba yake. Nimemjibu ndiyo, wote wataona. Kafikiri kidogo, kasema basi nisiharibu.

Sitaharibu, mwanangu!

Alhamisi, 13 Machi

Nimetandika utumbo zahanati. Ukumbi hautoshi, kama mama mkwe alivyosema, lakini sitamwambia. Nimeupitisha kwenye korido. Mahali pekee palipobaki pa kuumalizia ni ndani ya ofisi ya Daktari Mkuu. Kwa hiyo vinyesi vyote vitatokea mbele ya meza yake. Si neno, yeye atakuwa ukumbini akinishangilia.

Dada Sindano kapita, kauchungulia, kausifia. Kisha kauliza watoto wakiogopa giza nitafanyaje. Wivu huo! Nimemwambia watoto hawaogopi kitu, mimi ni baba, najua.

Ijumaa, 14 Machi

Naandika na taulo kichwani.

Watoto thelathini na wawili walifika na mwalimu wao mkuu, kila mtoto na chupa yake ya maji na matunda ya mapumziko. Dada Sindano akatangulia. Jino akalia anaumwa, Mswaki akambembeleza, watoto wakacheka vizuri tu. Nikajisemea, subirini.

Zamu yangu! Fulana nyekundu, maana mimi ni ulimi. Nikanguruma kwenye kipaza sauti, nikawakaribisha mdomoni. Msichana wa kwanza akachungulia, akasema humo giza. Wa pili akasema anamtaka mama yake. Wa tatu akaanza kulia, na kilio kikapita mstari mzima hadi wote thelathini na wawili wakawa wamejibanza ukutani. Wote isipokuwa mmoja. Binti yangu alisimama katikati ya ukumbi, ananitazama. Macho tu.

Ningefanya nini? Nikatangaza kwamba mimi ni tonge, nikapiga magoti, nikaingia na kipaza sauti changu.

Koo, salama. Tumbo, salama, hata nikapunga mkono kupitia shuka. Kisha ule mpira. Kichwa kikapita. Mabega yakapita kwa taabu. Kiuno, ng'o! Mbele siendi, nyuma sirudi, waya umenikaba, mpira wa sketi tatu umenikumbatia kwa mapenzi yote. Nikatangaza kwenye kipaza sauti kwamba kila kitu ni shwari. Nikatangaza mara tatu. Kilio kikakoma. Wakaanza kucheka, kidogo kidogo, kisha ukumbi mzima.

Ndipo nikasikia sauti ya Dada Sindano, tulivu kabisa, ikiwauliza watoto chakula hiki kimepatwa na nini. Wakajibu kimekwama! Akauliza uchafu ukikwama tumboni tunaitaje. Wakajibu kufunga choo! Akauliza huletwa na nini. Kutokunywa maji! Kutokula matunda na mboga! Sauti moja nyembamba, naijua hata usingizini, ikaongeza kwamba pia kukaa kitini kutwa nzima, na kwamba huyu kakaa miaka kumi na moja.

Akauliza sasa tufanyeje. Yeye alitaka jibu tu. Watoto walielewa ni amri.

MAJI! Chupa thelathini na mbili, jamani! Kupitia mdomoni, kupitia kooni, kupitia kila tundu la shuka zile kuukuu. Baridi hiyo! Nikapiga yowe, wakafikiri dawa inafanya kazi. MATUNDA! Machungwa yakaja yakibingirika, ndizi zikafuata, nyingine zimeshamenywa. MAZOEZI! Wakashika miguu yangu, wakaanza kusukuma kwa wimbo walioutunga hapo hapo. Upande wa pili Daktari Mkuu alikuwa amekimbilia ofisini kwake na anauvuta utumbo kwa mikono miwili.

Mpira ukakatika.

Mita saba na nusu sikumbuki nilizipitaje. Niliteleza juu ya ndizi, kona ya kwanza, kona ya pili, nikaingia ofisini kwa tumbo na kukomea kwenye viatu vya Daktari Mkuu. Nimelowa chapachapa, ganda la ndizi sikioni. Sijui kwa nini nilifanya nilichofanya. Nadhani ni mazoea ya mazoezi. Niliinua mikono juu, nikapaza sauti kwamba MIMI NI KINYESI!

Jengo lilitikisika. Mlinzi alikuja mbio na rungu. Na hofu ya giza? Hakuna tena! Kila mtoto alipita mara tatu, na mwalimu wao mkuu mara moja, akidhani hatuoni.

Mwishoni Daktari Mkuu akauliza maswali, watoto wakajibu yote bila kosa. Kisha akatoa nafasi kwa Dada Sindano. Kasema utumbo ulikuwa wangu, lakini somo lilikuwa lake. Nilimpa mkono, nikatabasamu, nikarudi masjala na kufunga mlango. Roho imeniuma. Miaka kumi na moja, na ya kumi na mbili hiyo inakuja. Sikumtafuta binti yangu wakati wa kuondoka. Niliona haya.

Jumatatu, 17 Machi

Insha imerudi! Imesomwa mbele ya darasa zima, na binti yangu kaniletea masjala alipotoka shule! Nainakili hapa neno kwa neno:

Baba yangu ni kinyesi. Siku moja alikwama na sisi tukamtoa kwa maji, matunda na kusukuma. Mimi sasa nakunywa maji kila siku na baba namwekea glasi yake. Darasani kwetu kuna baba dereva, baba fundi na mama hakimu. Baba kinyesi ninaye mimi peke yangu.

Paka yupo pale pale, ila sasa anakunywa maji. Mwalimu kampa alama kumi juu ya kumi. Binti yangu kasema wenzake wamemwomba wabadilishane baba, kakataa.

Nimeisoma mara nne masjala. Nimelia, nimejifuta kwa kadi ya chanjo. Njiani kurudi nyumbani watoto watano wamenipungia mkono na kuniita Mjomba Kinyesi kwa sauti. Wamenipungia mkono! Mimi!

Mchana Dada Sindano alikuja mlangoni kwangu. Kasema kila mwezi litakuja darasa jipya, na yeye bila mimi hawezi. Kaniomba niwe msaidizi wake, Ijumaa moja kila mwezi, nje ya masjala. Nimemwambia nitalifikiria. Nimelifikiria hapo hapo amesimama, nikakubali. Kasema somo la mwezi ujao ni moyo, atatumia picha mbili tatu na Jino.

Picha! Mwanamke huyu hana maono. Nimeshachora ramani. Moyo wa turubai, vyumba vinne, milango minne, maji mekundu lita mia mbili na pampu ya mtunza bustani. Mtoto anaingia upande wa kulia, pampu inamsukuma, anatoka kushoto. Kitu gani kinaweza kwenda vibaya?

Mama mkwe kasikiliza hadi mwisho, kakiri kwamba mipira ya sketi nyingine bado anayo. Kisha kauliza, na mimi je, nikihitaji kuingia? Nimecheka sana. Nimemfahamisha kwamba mwalimu haingii moyoni. Hakubishana. Kachukua utepe wake wa kupimia, kaja nao moja kwa moja kiunoni kwangu.

Nimemwambia ampime mtoto.