Malalamiko Kuhusu Kukatazwa Kubarizi Stesheni ya Nogal

Kwa Ndugu Mkurugenzi,
Ofisi ya Stesheni Zilizofungwa,
Madrid.

Ndugu Mkurugenzi, mwanangu,

Naomba barua hii ikukute mzima, na ikukute umekula, maana nyinyi watu wa ofisi mnajisahau. Mimi ni Práxedes Barroso wa mtaa wa Nogal, ghorofa ya pili, mlango wenye mmea uliokauka. Mmea si wangu, ni wa jirani. Shule sikuingia hata siku moja. Herufi hizi nilijifundisha mwenyewe kwenye ukuta wa hiyo hiyo stesheni yenu, nilipokuwa msichana wa kazi, nikingoja treni mbele ya tangazo la sabuni. Kwa hiyo ukiona maandishi yangu ni makubwa na yamenenepa, usidhani nakufokea. Ndivyo sabuni ilivyonifundisha.

Nakuandikia kwa ajili ya Visitación. Yeye anakaa juu yangu, ghorofa ya nne, hana lifti na hana mume. Miaka yote, jua la Julai likishatua, wanawake wa mtaa wetu tulikuwa tunashusha viti barabarani tunabarizi mpaka nyumba zipoe. Sasa mkahawa umetandaza meza zake kando yote ya barabara. Mabenchi ya uwanjani nayo yameng'olewa, wakaweka mawe ya kijivu ambayo mchana unaweza kukaangia yai. Basi kila mmoja kajifungia kwake anachemka peke yake. Visitación kawa mweupe kama unga, na hasemi na mtu ila redio.

Mwanawe Anselmo, mtu mwema ila anaongea kama anakuuzia bima, amepiga simu akasema Jumapili anakuja na gari kumchukua mama yake akakae naye Guadalajara. Nilimnyang'anya Visitación simu nikamuuliza Anselmo kulikoni. Akaniambia kwa adabu kwamba kama mama angekuwa na mahali penye ubaridi, na watu wa kukaa nao, angemwacha. Lakini hana. Nikamwambia atakuwa napo. Nilikuwa sijui ni wapi. Nilisema tu.

Ndipo mwenye duka la dawa akatuambia kwamba ile stesheni ya zamani ya treni za chini ya ardhi sasa inatembelewa na wageni, bure, na kwamba chini kule kuna baridi kama kwenye pishi la mvinyo. Tukaondoka watatu: mimi, Visitación, na Domitila aliyekuwa na duka la vifungo, ambaye ni kiziwi akitaka. Tukachukua viti vyetu vya kukunja, kimanda cha viazi, na mbegu za alizeti. Yaliyotupata nayapanga hapa chini kwa namba, usije ukasema hukuelewa.

1. Foleni. Nilipofika mlangoni niliuliza, kama anavyouliza binadamu yeyote, "Nani wa mwisho?" Hakuna aliyejibu. Walikuwa wamesimama mmoja nyuma ya mwingine juani kama vibanio vya nguo kwenye kamba. Nikamchagua Mjerumani mmoja mrefu, nikamwambia niko nyuma yake, tukaenda zetu kukaa kivulini ng'ambo ya barabara, kwa sababu nafasi mtu akishaiomba ni yake hata akienda kununua mkate. Mlango ulipofunguliwa tukarudi, tukakuta nyuma ya Mjerumani pamejaa ukoo mzima, wanatuambia tumewapita. Mjerumani alitutetea, Mungu amweke, lakini alitutetea kwa Kijerumani. Naomba pawekwe kibao cha kuwafundisha wageni namna ya kuomba nafasi.

2. Viti. Binti anayetembeza wageni, anaitwa Jimena, alituzuia mlangoni. Alisema viti haviruhusiwi kwa sababu stesheni ni urithi. Nikamwambia kiti changu nacho ni urithi, mama mkwe wangu alikata roho amekikalia, na alikuwa amestarehe kabisa. Binti akatupisha, tukashuka navyo. Domitila alitangulia, mimi nyuma nikiwa nimeshika gauni la Visitación, ili akianguka aangukie kitu laini. Domitila hajaambiwa sababu ya kupangwa mbele, na wewe usimwambie.

Hapo niseme neno juu ya huyu Jimena. Ni msichana mzuri, ana sauti safi, lakini amekonda. Mnampa nafasi ya kula saa ngapi? Alikuwa anaeleza habari za mwaka wa kufunguliwa stesheni huku macho yako kwenye kimanda chetu. Nilimmegea kipande, akasema ni marufuku kula humo chini. Akakila amegeukia ukuta.

3. Vumbi. Hii ni aibu na nakwambia kama mama. Matangazo yote ya vigae, lile la kahawa, lile la maji ya chumvi ya kuoshea tumbo, na lile langu la sabuni, yamefunikwa vumbi. Nikatoa leso, nikaitemea mate kidogo, nikaanza na herufi J, ambayo ndiyo ilinisumbua zaidi ujanani. Jimena akaja mbio. "Bibi, nakuomba sana, hilo ni vumbi la kihistoria." Nikamjibu kwamba vumbi halina historia, lina mwenye nyumba mvivu. Samahani lakini mwenye nyumba ni wewe. Tupe ndoo mbili na asubuhi moja tu. Domitila ana mikono kama ya mwashi.

Tena Jimena anasema mlifunga stesheni kwa sababu treni zilirefuka na jukwaa lilibaki fupi. Mjukuu wangu naye amerefuka mpaka anagonga kichwa kwenye mlango wa jikoni. Hatukufunga jiko. Anainama.

4. Namba nne nimeisahau. Iachie nafasi.

5. Treni. Kumbe treni bado zinapita pale, ila hazisimami. Sisi tulikuwa tumekwisha kunjua viti tukakaa nusu duara, reli tumeipa migongo, kama tunavyokaa siku zote. Ikapita moja imejaa watu, ina taa kama harusi. Visitación akageuka akawapungia mkono. Hakuna aliyeitikia. Ikapita ya pili, akapunga tena. Hakuna. Nauliza, hao madereva wamelelewa na nani? Ukipita mlangoni kwa watu wamebarizi, unasalimu. Naomba treni iwe inasimama Nogal kila jioni, ifungue milango, watu waseme jioni njema, na wazee wenzetu wa mitaa mingine wapate kushuka na viti vyao. Wenye haraka wapande basi.

6. Hili ndilo kubwa, kaa chini ulisome. Matembezi yalipokwisha, Jimena akatuomba tupande juu. Lakini Visitación alikuwa amefungua kipepeo chake cha kujipepea, na hakukihitaji, akakifunga. Mashavu yalikuwa yamerudiwa na rangi. Alikuwa anacheka habari ya wifi yake Domitila na yule padri wa bandia, habari ambayo ameisikia tangu tukiwa na meno yetu. Mimi sijamwona akicheka tangu masika. Jimena akasema, "Bibi, tunafunga." Visitación akamwangalia kwa upole kabisa akamwambia, "Funga tu, mwanangu. Mimi hapa sitoki."

Na kundi la pili lilikuwa limeshafika ngazini. Wakashuka, wakatukuta kwenye ule mwanga hafifu, wanawake watatu na viti vyao, tunatafuna mbegu za alizeti. Wakadhani sisi ni sehemu ya maonyesho. Wakatupiga picha. Bwana mmoja akamuuliza Jimena kama tumetengenezwa kwa nta. Mama mmoja akanigusa goti kuhakikisha, nami nikamgusa lake, akapiga ukelele mpaka Domitila akasikia. Domitila alipomaliza habari ya padri, wote walipiga makofi, hata ambao hawajui neno moja la Kihispania.

Ndugu Mkurugenzi, mimi sikubali. Mimi si chombo cha makumbusho. Nina sufuria zenye umri mkubwa kuliko stesheni yako na hakuna anayezipigia makofi. Kama sisi ni vyombo vya makumbusho, basi tulindwe, tuwekewe kamba nyekundu, na tufutwe vumbi, la kihistoria au la kawaida. Na kama sisi ni watu, tupewe ufunguo. Chagua. Maana hebu fikiri: mnasema stesheni hii imeachwa. Nani aliyeiacha? Mimi sikuiacha. Siku mlipoifunga nilikuja na kapu langu nikakuta mlango umefungwa, nikagonga. Kitu kilichoachwa ni cha yule ambaye hakukiacha. Kwa hiyo stesheni ni yangu, na ninyi ndio mnaonitembelea bila kuniletea hata biskuti.

Tulipopanda mwishowe, kwa sababu Domitila alibanwa na mkojo, niliona Jimena anafagia maganda yetu ya alizeti. Nikamuuliza mbona hayo si ya kihistoria. Akacheka akaniomba namba ya nyumba yangu. Nikajua ni ya faini.

Kwa hiyo naomba: ufunguo, ndoo, treni isimame, na mtu yeyote asitufanye maonyesho. Unijibu kabla ya Jumapili. Usipojibu nitashuka na kitanda.

Nisalimie mama yako, na umpigie simu, usimwandikie ujumbe. Nisalimie walinzi, mafundi wa taa, na mama anayefagia ofisi yako. Yule Mjerumani mkimwona, mwambieni nafasi yake nimemtunzia.

Mimi ninayekutakia mema hata nikikugombeza,

Práxedes Barroso
mtaa wa Nogal

N.B. Nilikuwa nalamba bahasha, Jimena akabisha hodi. Kumbe faini haipo. Amekula sahani mbili za dengu, ndipo akasema kwamba wageni wanapiga simu ofisini kwako kutwa kuuliza saa za akina bibi, na kwamba wewe mwenyewe unatuomba, tafadhali, tushuke kila jioni mpaka Septemba, na viti vyetu, tukae tu tuzungumze kama kawaida.

Kwa hiyo mbili ifute. Kwenye tatu, vumbi liache lilivyo, linatupendeza. Sita nilikosea, mimi ni chombo cha makumbusho, tena kizuri, na anayetaka kugusa goti aombe kwanza. Nne nimeikumbuka: hakuna choo. Hiyo inabaki.

Visitación ameshapiga simu. Nimemsikia kupitia dirisha la uani, mtaa mzima umemsikia. "Anselmo, mwanangu, Jumapili usije. Niko kazini."

Halafu ile namba tano. Treni ipite tu, mwanangu, hata isipotusalimu. Ikisimama, mtu anaweza kupanda, akatuacha.