Baraka Kabla ya Wimbo wa Nane

Jumatatu, 9 Juni 2025. Katesh.
Albamu yetu ina nyimbo saba. Zote kaimba Judica. Umebaki wa nane, "Vumbi la Getanuwas", na huo unataka sauti ya mwanaume. Yangu! Bendi ya kantri nimeianzisha mimi, kofia pana nimenunua mimi. Leo Evarist, mpiga gitaa wetu, mwalimu, mpole wa kuudhi, kasema naye angependa kuujaribu. Angependa!

Judica ni nesi. Kahamishiwa Sumbawanga, anaondoka Jumapili. Yaani ni Jumamosi hii au basi tena. Na mama ameshaitangazia kwaya yake nzima kwamba atanisikia kwenye albamu.

Jumatano, 11 Juni.
Sylvester mwenye studio kagawa muda. Jumamosi saa tatu hadi saa nne Evarist, saa nne hadi saa tano mimi. Judica atachagua. Saa tano umeme unakatwa mpaka jioni, wameshatangaza kwa kipaza sauti.

Nimemsikia Evarist akifanya mazoezi nyuma ya darasa. Anaimba vizuri, mshenzi. Sikumaliza ugali.

Alhamisi, 12 Juni.
Nimepata! Nimempigia babu Yoakimu, kule Haydom. Nimemwomba aje kutubariki kabla ya kurekodi, slufay kamili, ile dua ndefu ya baraka ya kwetu Wairaqw. Babu akianza hakuna wa kumkatiza. Kila mstari lazima tuitikie, na anabariki mpaka nyuki. Saa nzima, haipungui. Saa ya Evarist! Nimemwambia awahi saa tatu. Kasema sawa, ila ana mbuzi mgonjwa.

Judica kasema nina moyo mzuri kumkumbuka mzee. Nikainamisha kichwa kwa unyenyekevu.

Jumamosi, 14 Juni.
Saa tatu babu hayupo. Nikasema si adabu kuanza bila mzee. Sylvester akajibu kwamba umeme haumjui mzee. Evarist akaimba. Mara moja tu, bila kukosea! Judica alifumba macho mpaka mwisho. Hapo nilimchukia Evarist kabisa.

Saa nne kamili. Nimeshika maikrofoni. Mlango ukafunguka. Babu! Basi lilipata pancha. Evarist ndiye aliyewahi kumwamkia shikamoo, akampa kiti, akanikumbusha kwamba mzee katoka mbali kwa ajili ya baraka. Nikasema labda baadaye. Wote wakanitazama kana kwamba nimetema mate kanisani.

Babu akasimama. Akabariki mvua, ng'ombe, mahindi, wajawazito, magitaa. Saa nne na nusu. Nikawa naitikia harakaharaka ili amalize. Akadhani nimeguswa, akaongeza! Akafika kwenye mlima, na wale tuliowapoteza mtaa wa Jorodom mwaka juzi, tope la mlima liliposhuka. Judica akalia. Evarist akalia. Hata mimi, nakiri, nilimkumbuka shangazi Oliva nikasahau kuangalia saa.

Kisha akabariki nyuki. Umeme ukakatika.

Sylvester alikuwa anarekodi muda wote. Judica kaamua: baraka ifungue albamu, Evarist aifunge. Mimi sijaimba hata neno.

Jumatatu, 30 Juni.
Judica yuko Sumbawanga. Evarist kasema shule imembana. Bendi imekwisha, na albamu ni hiyo moja. Inapigwa stendi nzima, na ikifika kwenye baraka wanaume wanavua kofia.

Nimempelekea mama. Kasikiliza yote, halafu kaniuliza mimi niko wapi. Nikamwonyesha: yule anayeitikia kabla ya wenzake ndiye mimi. Akairudisha mara tatu ili anisikie vizuri. Nilishindwa kumtazama usoni.

Lakini bado nipo! Nimeunda bendi mpya na Theodory kinyozi. Tunarekodi Jumamosi. Yeye kapewa saa ya kwanza, mimi ya pili. Nimeshampigia babu. Mbuzi kapona. Safari hii atapanda basi la alfajiri.